Ngazi za Juani, Ngazi za Kivulini

Chande alikufa mikono yake ikiwa bado imeshika vyuma vya kuendeshea katapila. Ilikuwa saa sita mchana. Alikuwa akichimba msingi wa jengo la kuegeshea magari katikati ya mji, na ardhi ambayo wapimaji walikuwa wameiandikia vyeti vitatu kwamba ni imara ikazama mara moja, kama kifua cha mtu anayeshusha pumzi ya mwisho. Ikaondoka na katapila, ikaondoka na uzio wa mabati, ikaondoka na Chande. Vumbi lilipotua, watu waliokimbilia ukingoni hawakuona shimo. Waliona ngazi. Ngazi mbili za mawe, pana kama barabara, zimetazamana kama safu mbili za meno, zikishuka kipandio baada ya kipandio, kituo baada ya kituo, mpaka chini kabisa ambako maji meusi yalikuwa yametulia. Katika mji ambao mabomba yalikuwa yakikohoa upepo kwa mwezi wa nne, hapo palikuwa na maji. Na pembeni mwa maji, chali, uso mweupe kwa vumbi, alilala Chande.

"Kisima!" mtu akapiga kelele.

Mwingine, kabla hata ya kuuliza kama dereva ni mzima, akauliza: "Cha nani?"

Hapo ndipo swali lilipozaliwa. Au, kama Mwanashee alivyokuja kujua baadaye, hapo ndipo lilipoamka.

Mji ule ulikuwa na jina, lakini watu wake walikuwa wameacha kulitumia. Ukimuuliza mtu anatoka wapi, hakutaja mji, alitaja mtaa. Ama ni wa Juani, ama ni wa Kivulini. Kilima kimoja kilisimama katikati, na ikifika alasiri kilitupa kivuli chake upande mmoja na kuuacha upande wa pili ukiungua mpaka magharibi. Tofauti yenyewe ndiyo hiyo tu: saa tatu za kivuli. Lakini binadamu akipewa kitu kidogo cha kumtofautisha na mwenzake hukilea, hukilisha, hukivisha nguo, mpaka kinakuwa kikubwa kuliko yeye na kuanza kumtuma. Juani walijivunia mtu wa kale aliyeitwa Sheumbwe, baba wa mtaa wao. Shule yao iliitwa Sheumbwe na timu yao ya mpira iliitwa Sheumbwe. Kivulini walikuwa na Mkinda wao, naye alikuwa na shule na timu. Hakuna aliyejua watu hao wawili walifanya nini. Ilitosha kwamba walikuwapo.

Sasa Chande alizaliwa Kivulini, akahamia Juani alipooa. Wanaume wa Juani wakashuka kwa ngazi za upande wao kumchukua jirani yao. Wanaume wa Kivulini wakashuka kwa ngazi zao kumchukua ndugu yao. Wakakutana juu ya maiti.

"Mwacheni, huyu ni wetu."

"Wenu tangu lini? Mamake kamzalia nyumba ya pili kutoka kwangu!"

"Na mjane wake analia wapi sasa hivi? Si kwetu?"

Wakamvuta. Hakuna aliyekusudia ubaya. Kila upande ulitaka kumsitiri marehemu, na kila upande ulimshika kwa heshima, hawa mkono, hawa miguu. Wakavuta kwa heshima. Wakavuta kwa uchungu. Bega likaachia kwa sauti ya shuka inayochanika, wanaume wa Juani wakaanguka nyuma na mkono wa Chande mikononi mwao. Kisha wakaangukiana. Walipigana kwa sepetu, kwa mikanda, kwa mawe, kwa meno. Wawili walizamishwa kwenye maji ambayo hakuna aliyekuwa ameyaonja bado. Jioni ya siku ile Chande alizikwa mara mbili, mwili Kivulini na mkono Juani, makaburi mawili yenye jina moja.

Mwanashee hakuwapo. Yeye habari aliisoma kwenye mkono wa kanzu ya mumewe.

Alikuwa mwanamke wa miaka hamsini na miwili, mwalimu wa chuoni, na kazi yake ya pili ilikuwa kusoma. Watu walimletea hati za mashamba na wosia za mababu, zilizoandikwa kwa herufi za kale ambazo mjini hapo hakuna mwingine aliyebaki akizijua, naye akazisoma kwa sauti, bila kuongeza wala kupunguza. Alizaliwa Juani. Alikuwa ameolewa miaka thelathini na Mshamu, mdarizi wa kofia, mtu wa Kivulini, mpole hata kuku alimpa jirani amchinjie. Nyumba yao ilikuwa mpakani: mlango wa mbele ulifunguka Juani, wa uani ulifunguka Kivulini. Binti yao, Saumu, alikuwa ameolewa mji wa mbali ambako hakuna aliyejua kilima kile kiko wapi.

Mshamu aliingia kwa mlango wa uani. Mkono wa kulia wa kanzu yake ulikuwa mwekundu mpaka kwenye kiwiko.

"Umeumia, Baba Saumu?"

"Si yangu."

"Ni ya nani?"

Mshamu akautazama mkono wake kama mtu aliyekabidhiwa barua isiyo yake. "Sikumtazama usoni," akasema.

Mwanashee akamvua kanzu, akailoweka. Maji ya kulowekea yalikuwa ndoo yao ya mwisho. Alisugua. Akajiambia: huyu ni mume wangu. Akajiambia: mikono hii inapitisha sindano kwenye tundu lisiloonekana. Akajiambia: labda ilikuwepo siku zote, chini, imefunikwa, na leo udongo umezama. Kisha akaacha kujiambia, akasugua tu.

Asubuhi akaja Badi, Mkurugenzi wa mji, na askari wawili. Alikuwa mtu mnene mwenye haya, asiyezaliwa Juani wala Kivulini, na ndiyo maana alipewa cheo kile.

"Mwalimu, vile vipandio vina maandishi," alisema. "Kila kimoja, ubavuni. Tumepiga picha tukawapelekea wataalamu, wamesema watajibu. Mimi sina muda wa kungoja jibu. Nakuomba ushuke, usome, utuambie kisima ni cha nani. Wakishajua watatulia."

"Watatulia?"

"Wamesema wenyewe. Pande zote mbili zimekubali kwamba utasoma wewe. Juani kwa sababu wewe ni binti yao. Kivulini kwa sababu ni mke wao."

Mshamu alikuwa amekaa kwenye mkeka, kofia ambayo haijaisha imelala gotini. Badi alipotoka kumngoja nje, Mshamu akasema bila kuinua macho: "Mama Saumu, usome kwa upande wetu."

"Upande wetu upi?"

Akamtazama. Katika miaka thelathini hawakuwahi kuulizana swali hilo, wala hawakujua kwamba walikuwa wakilikwepa.

"Unajua upi," Mshamu akasema.

Kisimani watu walikuwa wamejaa pande zote mbili. Ukatokea ugomvi mpya wa ashuke kwa ngazi zipi, na mawe yakaanza kuokotwa. Mwanashee akavua viatu. Akasema kwa sauti ile aliyoitumia kuwanyamazisha wanafunzi: "Nitashuka kwa Juani, nitapanda kwa Kivulini. Atakayenifuata simsomei." Badi akashuka naye mpaka kipandio cha tatu, akabaki hapo.

Maandishi ya juu yalikuwa ya majigambo. *Mwaka huu Juani tulishinda, tukawatupa themanini.* Kipandio cha chini yake: *Mwaka huu Kivulini tulishinda, tukawatupa mia.* Kila ushindi ulifuta ushindi uliotangulia kwa patasi, ukachongwa juu yake, hivi kwamba mahali pengine jiwe lilikuwa limelika kama sabuni. Kama angesimama hapo angeweza kusoma lolote alilotaka. Palikuwa na ushahidi wa kutosha kwa kila uongo.

Lakini kisima kilikuwa na tabia moja ambayo haiandikwi kwenye vyeti vya ardhi: aliyeshuka ndani yake alishuka pia katika miaka.

Kila baada ya vipandio kumi na tano palikuwa na kituo, sakafu ya mawe yenye nguzo, pana kama ua wa nyumba. Kwenye kituo cha kwanza Mwanashee alikuta watu wanapigana. Walivaa kaptura za kaki na walipigana kwa vitako vya bunduki. Hawakumwona. Yeye aliwaona, akawajua: yule aliyekuwa akimponda mwenzake kichwa kwenye nguzo alikuwa na uso wa muuza mkaa wa Juani, na yule aliyepondwa alikuwa na uso wa muuza mkaa yuleyule, wakati mwingine hivi, wakati mwingine vile, kila alipopepesa macho. Katikati yao mwanamke mmoja alikuwa amelala, kifua kimepasuliwa, mkononi ameshika karatasi. Uso wake ulikuwa wa Mwanashee.

"Ulisema nini?" Mwanashee akamuuliza.

"Nilisema ni cha Juani," mwanamke akajibu, damu ikimtoka na maneno.

Kituo cha pili walipigana kwa magobori, na moshi wa baruti ulimkaba koo. Hapo mwanamke mwenye uso wake alikuwa amening'inizwa kwa nywele zake. Yeye alisema ni cha Kivulini. Kituo cha tatu yalikuwa majambia. Mwanamke wa hapo alisema ni cha wote, na wote wakafurahi, wakala pamoja siku moja, kesho yake wakachinjana kuhusu nani atatangulia kuteka. Kituo cha nne mwanamke alikuwa hai, ameketi, ameegemea ukuta. Mahali pa macho palikuwa na mashimo mawili.

"Wewe ni wa ngapi?" kipofu akamuuliza, akigeuza uso kufuata nyayo zake.

"Sijui."

"Na mimi sikujua. Mimi niliwaambia maandishi yamefutika, siwezi kuyasoma. Wakasema basi macho ya nini." Akacheka kidogo. Nyuma yake mtu alikuwa akichomwa mkuki, mara ya kwanza, ya pili, na hakuna hata mmoja kati ya wanawake wale wawili aliyegeuka kutazama. "Unashuka mpaka wapi, dada?"

"Mpaka chini."

"Sisi hakuna aliyefika chini. Kila mmoja alisoma mahali alipochoka, au alipoogopa."

"Chini kuna nini?"

"Ningejua ningekuwa na macho?"

Akashuka. Mikuki ikawa marungu, marungu yakawa mawe ya mkononi, na nguo za watu zikapungua mpaka wakabaki uchi wakiumana kama fisi. Aliteleza. Hakuinama kuona alichotelezea. Alianza kufikiri, kwa utulivu wa ajabu unaomshika mtu aliyeona damu kupita kiasi, kwamba swali lile halikuwa la kisima. Mtu mwenye kiu haulizi maji ni ya nani, anainama, anakunywa. Anayeuliza "cha nani" tayari amekunywa. Anachotaka si maji, anataka mwingine asiyapate, na amtazame akiwa hajayapata. Na kama hilo ndilo swali, basi jibu lolote ni panga, na anayejibu ni mfua chuma tu. Mimi ni mfua chuma? Nimesoma hati ngapi maishani mwangu? Watu walitoka mlangoni kwangu wakiwa wameshika karatasi, na sikuwahi kuuliza wanakwenda nazo wapi.

Kipandio cha mia moja na tano kiligusa maji. Hapo palikuwa kimya. Ukutani, kati ya ngazi mbili, palikuwa na jiwe moja refu kama mtu aliyelala, limebana kuta zote mbili, na juu yake maandishi ambayo hakuna patasi iliyoyagusa. Herufi zilikuwa za mkono usiozoea, zimeandikwa kwa haraka na kwa hofu. Mwanashee akafuta ukungu kwa kiganja, akasoma.

*Mwenye kusoma, soma polepole. Kisima hiki kimechimbwa na watu mia mbili na kumi waliofungwa minyororo, walioletwa kutoka kila upande. Wasimamizi walikuwa wawili. Aliyesimama upande wa jua anaitwa Sheumbwe, na wa upande wa kivuli anaitwa Mkinda, na wote wawili walishika mijeledi. Maji yalipotoka wachimbaji waliruhusiwa kunywa. Walipokwisha kunywa waliuawa, akalazwa mmoja chini ya kila kipandio, ili asibaki wa kusema kisima ni chake. Mimi nilikuwa nikiwapikia. Nimeachwa hai kwa sababu hawajui kwamba najua kuandika.*

Akasoma mara tatu. Kisha akachota maji kwa viganja, akanywa, kwa kuwa alikuwa na kiu.

Alipanda kwa ngazi za Kivulini. Safari hii hakuona mtu yeyote kwenye vituo, ila miguu yake iliyo wazi ilisikia vipandio, kila kimoja, na kila alipokanyaga alitaka kuomba radhi.

Alidhani amekaa humo saa mbili. Badi alimpokea juu akiwa na ndevu za siku kadhaa, shati limechanika, mkono umefungwa kitambaa.

"Siku nne, Mwalimu!" alisema, na sauti yake ilikaribia kilio. "Siku nne! Juani wakasema Kivulini wamekuzamisha. Kivulini wakasema ni Juani. Soko limechomwa. Kuna watu walikatwakatwa wakitoka mazikoni, kwenye mazishi ya waliokatwakatwa jana yake. Kumi na tisa. Nilikuwa na askari wawili, mmoja ni wa Juani na mmoja wa Kivulini, wamechomana visu mbele yangu."

"Na mume wangu?"

Badi akatazama pembeni. "Ndiye aliyekuwa wa kwanza kushika panga. Alikuwa akilia huku anakata. Alikuwa akitaja jina lako."

Umati, ulipomwona, ulimiminika kwenye ngazi zote mbili, kuanzia ukingoni mpaka kituo cha pili, mapanga, nondo na mitaimbo mikononi, wakitazamana juu ya utupu. Mwanashee akamtafuta Mshamu, akamwona: mtu mdogo wa kanzu chafu, kofia aliyoidarizi mwenyewe kichwani, mtaimbo begani. Macho yao yakakutana. Uso wa Mshamu ukafunguka kwa furaha ya kumwona hai, kisha furaha ile ikakumbuka mahali ilipo, ikajifunga.

Badi akamnong'oneza: "Sikiliza. Sema ni cha serikali. Watatuchukia sisi, na kuchukiwa tumezoea."

Lilikuwa wazo la mtu mwema, na kwa pumzi moja Mwanashee alilipima. Cha Juani kilikuwa kimejaribiwa, cha Kivulini kilikuwa kimejaribiwa, cha wote kilikuwa kimejaribiwa, na ukimya pia. Uongo mwingine mmoja, mpya, ungeweza kununua mwezi, au mwaka. Lakini mbele ya macho yake alikuwa anamwona yule mpishi, amepiga magoti majini, anachonga usiku na mchana kwa kitu gani, kisu cha vitunguu? Alichonga ili mtu mmoja aje asome. Amengoja miaka mingapi? Na mimi kazi yangu ni ipi?

Akainua uso, akasoma. Hakuongeza wala hakupunguza. Alitaja mia mbili na kumi. Alitaja minyororo. Alipotaja jina la Sheumbwe, Juani wakaguna. Alipotaja la Mkinda, Kivulini wakaguna. Alipotaja mijeledi hakuna aliyeguna.

"Soma tena," sauti ikatoka Juani.

Akasoma tena.

"Kwa hiyo sisi ni nani?" mzee mmoja wa Kivulini akauliza, na kwa muda mfupi, mfupi mno, Mwanashee aliamini kwamba neno limewaingia. Mtu mmoja alikuwa amekaa kitako kwenye kipandio, akiinua nyayo zake kama mtu aliyekanyaga moto. Mwingine aliweka nondo chini.

Kisha jiwe la kwanza likampiga sikioni. Lilitoka Juani. La pili lilitoka Kivulini.

"Muongo!"

"Katumwa!"

"Atuonyeshe! Twende chini atuonyeshe!"

Ndipo jambo likatokea ambalo halikuwa limetokea katika mji ule kwa muda wote ambao mji ulijikumbuka: Juani na Kivulini wakakubaliana. Mikono ya pande zote mbili ikamshika, wengine kwapani, wengine miguuni, wakamshusha. Sikio lake moja lilikuwa halisikii tena. Kwa lile la pili alisikia mamia ya nyayo zikigonga ngazi mbili kwa mwendo mmoja kama ngoma ya arusi. Kila walipopita kituo, nyuso zilizomzunguka zilibadilika. Shati likawa kaptura ya kaki, kaptura ikawa shuka, nondo ikawa mkuki, lakini macho hayakubadilika, na alipoinamisha kichwa aone mikono yake mwenyewe, aliona viganja vya mpishi, vimechubuka, vinanuka vitunguu.

Wakafika. Wakaliona jiwe. Hawakujua kusoma herufi zile, lakini walilichukia kama watu wanaolijua vizuri.

"Vunjeni!"

Mshamu alikuwa wa kwanza kulifikia. Alisimama kati ya mkewe na jiwe, mtaimbo umeinuliwa.

"Baba Saumu," Mwanashee akasema. "Hilo jiwe limeshika kuta. Tazama. Limeshika kuta zote mbili."

"Babu yangu aliitwa Mkinda," Mshamu akasema. Machozi yalimchirizika kwenye vumbi. "Baba yangu aliitwa Mkinda. Ungeniambia mimi kwanza. Peke yetu, nyumbani."

"Ili ufanye nini?"

"Ili nipate muda," akasema. "Ningepata muda tu, Mama Saumu."

Akapiga. Wengine wakapiga. Mtaimbo wa Juani ulifuata mtaimbo wa Kivulini, huyu akiinua mwenzake anashusha, bila kugongana, bila neno, kama watu waliofanya kazi pamoja maisha yao yote. Na pengine kwa nusu saa ile walikuwa ndugu kuliko walivyowahi kuwa. Walicheka. Mmoja alimfuta mwenzake jasho usoni kwa shati lake. Herufi ziliruka vipande vipande, neno *minyororo* likaanguka majini, neno *nikiwapikia* likafuata, na jiwe likapasuka katikati kwa mlio mmoja mkavu.

Ukuta wa Juani ulianza kuporomoka kwanza, lakini wa Kivulini haukuchelewa. Mwanashee alihisi kiganja kifuani mwake, kiganja anachokijua kuliko chake, kikimsukuma kwa nguvu zote. Alikwenda kinyumenyume, akaangukia ndani ya kishubaka chini ya tao la kituo, mkono wake wa kushoto ukavunjika chini yake, na kitu cha mwisho alichoona ni Mshamu amesimama na kiganja chake bado kimenyooka. Mpaka leo hajui kama alimsukuma ili kumwokoa au kwa sababu hakutaka kumwona. Amelisoma tendo lile mara nyingi, polepole, bila kuongeza wala kupunguza, na halisomeki.

Mia mbili na kumi walizikwa chini ya vipandio vyao kwa mara ya pili, na waliovunja jiwe wakawafuata.

Walimfukua siku ya pili. Walifukua na wengine, sitini na watatu, na hapo ndipo waliobaki hai walipotambua tatizo. Vumbi la chokaa lilikuwa limewapaka maiti wote rangi moja, ya kijivu, na mawe yalikuwa yamezivunja nyuso. Hakuna mjane aliyeweza kusema kwa hakika huyu ni wake. Walijaribu nguo, nguo zilikuwa matambara. Walijaribu vidole, palikuwa na vidole vingi kuliko mikono. Jua lilikuwa kali na harufu haikuwasubiri. Badi akaamuru katapila jingine lichimbe handaki moja refu chini ya kilima, wakazikwa humo wote, bega kwa bega, wa Juani na wa Kivulini, na Mshamu mahali fulani kati yao. Imamu alisoma mara moja tu. Watu walilia pamoja. Wengine walikumbatiana. Mwanashee alikuwapo, mkono umefungwa ubao, na kwa siku mbili nzima hakuna mtu aliyeinua sauti mjini.

Siku ya tatu, asubuhi na mapema, alikwenda kaburini akakuta wanaume wawili wamefika kabla yake, mmoja wa Juani na mmoja wa Kivulini. Walikuwa na kamba, nyundo na vigingi. Walikuwa wakisaidiana vizuri. Huyu alishika ncha moja ya kamba, mwenzake akaivuta kwa urefu wote wa kaburi, wakapima, wakarekebisha, wakaulizana kama imenyooka.

"Mnafanya nini?" Mwanashee akauliza.

"Shikamoo, Mwalimu," wakasema kwa pamoja. Kisha yule wa Juani akaeleza, kwa upole: "Tunagawa. Upande huu Juani, upande huu Kivulini. Ili kila mtu ajue akiomba dua anamwombea nani. Wazee wote wameafiki."

"Mume wangu yuko upande gani?"

Wakatazamana. Yule wa Kivulini akakuna shingo.

"Itategemea kamba, Mwalimu," akasema.

Mwanashee akapanda juu ya udongo ulio laini bado, akaenda mpaka katikati, akaketi juu ya kamba. Ilizama chini yake. Wakamwomba ainuke. Wakamwita mama, wakamwita mwalimu, wakamwambia mkono wake utamuuma kwa kukaa hivyo. Hakuinuka. Basi yule wa Kivulini akapiga magoti, akakisimamisha kigingi kwenye udongo, shubiri moja kutoka goti la Mwanashee, akakipigilia kwa mapigo matatu, akampa mwenzake nyundo.

Mwanashee akanyoosha mkono wake mzima, akakishika kigingi, akaking'oa, akakitupa chini ya kilima.

Yule wa Juani akatoa kingine mfukoni. Akakipigilia palepale.

Akaking'oa.